Ulimi na Ngumi

Michezo mingi huumiza watu, lakini huumiza kwa bahati mbaya. Mcheza mpira akivunjika mguu, refa hupiga kipenga, wenzake huinama kumtazama, na hata yule aliyemwangusha huonyesha masikitiko, ya kweli au ya uongo. Mchezo wa ngumi hauko hivyo. Huo ni mchezo ambao maumivu ya mwenzako ndiyo hesabu ya ushindi wako, na kumfanya azimie ndilo bao kubwa kupita yote. Kwa sababu hiyo umezungushiwa sheria nyingi: glavu zina uzito wake, raundi zina dakika zake, kisogo ni haramu kupigwa, na chini ya mshipi vile vile. Nimezisoma sheria hizo, na kwa jumla ni nzuri. Walakini nyingi huanza kazi kengele inapolia, ilhali bondia huanza vita siku nyingi kabla ya kengele, kwa ulimi.

Sisi wa pwani hatuwezi kujifanya wageni wa vita vya maneno. Mitaa yetu ilishindana kwa ngoma za beni, Lamu na Mombasa, na washairi walijibizana kwa mafumbo hata mtu akajuta kuzaliwa na masikio. Lakini mshairi aliyetukanwa alirudi nyumbani akatafuta vina. Hakuna aliyemvisha glavu akamwambia: una dakika tatu za kulipa kisasi mbele ya umati, na ukilipa vizuri utashangiliwa. Mambo hayo mawili, tusi na ruhusa ya kupiga, yalikutana mahali pamoja mjini New York tarehe 24 Machi 1962, na mtu mmoja akafa. Kisa hicho kimeandikwa sana katika lugha nyingine. Napenda kukisimulia katika lugha yetu, kwa maana naona kinatuhusu sisi wa Ukunda kuliko tunavyodhani.

Emile Griffith alizaliwa mwaka 1938 katika kisiwa cha St. Thomas, kimoja katika visiwa vya Virgin vilivyo chini ya Marekani katika bahari ya Karibi. Alipohamia New York alipata kazi katika kiwanda cha kofia za wanawake. Siku moja ya joto kali aliomba ruhusa avue shati. Mwenye kiwanda, Howard Albert, ambaye zamani alipata kupigana ngumi za ridhaa, aliyaona mabega yale mapana juu ya kiuno kile chembamba, akamchukua kijana kwa mwalimu wa ngumi aitwaye Gil Clancy. Basi Griffith hakuutafuta ulingo. Ulingo ulimfuata kiwandani. Na hata alipokuwa bingwa hakuziacha kofia. Alizibuni kwa mkono wake na kuzionea fahari. Alikuwa na sauti nyembamba, alipenda nguo za kubana na za rangi, alimpenda mama yake kupita kiasi, na hakuwa mtu wa ukali nje ya kamba.

Mambo hayo yalitosha kuwafanya watu wanong'one. Hapa sina budi kusimama kidogo, maana jambo hili hunichekesha. Pita katika barabara ya kwetu Ukunda, kutoka kituo cha magari mpaka njia ya Diani ikatapo kwenda baharini, utawakuta mafundi cherehani wamekaa barazani kwa mstari. Ni wanaume, wengi wao baba wa watoto, na wanachoshona kutwa ni magauni, mabuibui na sare za harusi za wanawake. Mmoja ninayemjua aweza kumtazama bibi akipita njia ng'ambo akakutajia kipimo cha kifua chake bila kukosea inchi, wala mumewe hakasiriki, kwa kuwa hiyo ni kazi ya fundi. Kofia za vito zilizopamba vichwa vya babu zetu zilidariziwa na wanaume kwa wanawake, na kikoi ni vazi la kiunoni lisilo na mguu huu wala mguu ule, na mvaaji wake akaenda nalo baharini kuvua papa. Kwetu sindano haikuwa na jinsia. Kwao, kofia ya mwanamke mkononi mwa mwanamume ilikuwa ushahidi. Mizani ya uanaume hubadilika mtu akivuka maji, na wenye kuishika huapa kwamba iliumbwa pamoja na mbingu na ardhi.

Mpinzani wake, Benny Paret, aliyejulikana ulingoni kwa jina la Kid, alikuwa pia mtu wa kisiwa. Alizaliwa Santa Clara nchini Cuba mwaka 1937, na kabla ya ngumi alikuwa mkata miwa. Wazee wa Ramisi, waliowahi kukata miwa ya kile kiwanda cha zamani, watajua maana ya kazi hiyo bila kuelezwa: jua, panga, majani yakatayo kama wembe, na ujira mdogo. Tazama basi, vijana wawili weusi, wote wa visiwani, wote waliovuka bahari kutafuta riziki, wakakutana katika mji wa watu wengine ili wapigane kwa malipo. Walipigana mara tatu kwa ubingwa wa dunia wa uzani wa welta. Mara ya kwanza, tarehe 1 Aprili 1961, Griffith alimwangusha Paret katika raundi ya 13 akautwaa ubingwa. Mara ya pili, tarehe 30 Septemba mwaka huo huo, Paret aliurudisha kwa kura za waamuzi ambao hawakukubaliana wote. Mara ya tatu ndiyo hii.

Siku hizo mabondia walipimwa uzito asubuhi ya siku ya pambano, mbele ya waandishi wa habari. Griffith alipokuwa juu ya mizani, Paret alimjia kwa nyuma, akamgusa makalio, akamwita kwa neno la Kihispania, maricón. Maana yake ni mwanamume anayelala na wanaume, lakini limesemwa kwa namna ya kumtupia mtu taka usoni. Griffith aligeuka akataka kupigana pale pale, Clancy akamzuia, akamwambia aihifadhi hasira yake mpaka usiku. Neno lenyewe lilionekana baya kiasi kwamba magazeti hayakuthubutu kulichapa lilivyo. Gazeti moja kubwa la New York liliweka mahali pake neno la baridi, la kusema tu kwamba bingwa yule wa zamani aliambiwa si mwanamume. Msomaji wa asubuhi ile hakuweza kujua bondia alikasirishwa na nini. Wakati ule, katika jimbo la New York, mwanamume kulala na mwanamume kulikuwa kosa la jinai, na kwa mtu aliyekula kwa ngumi zake kujulikana hivyo kungekuwa mwisho wa kazi.

Usiku ulipofika, ukumbi wa Madison Square Garden ulijaa, na mamilioni walitazama majumbani kwa televisheni. Pambano lilikuwa la raundi 15. Katika raundi ya 6 Paret alimwangusha Griffith, na kengele ndiyo iliyomwokoa. Tangu hapo Griffith alimzidi nguvu. Raundi ya 12 Paret alisukumwa hadi konani, mgongo ukaegemea kamba, kichwa kikatoka nje ya ulingo kwa kupenya kati ya kamba, mikono ikalegea. Hakuanguka, kwa kuwa zile kamba zilimshikilia. Griffith aliendelea kupiga. Waliozihesabu ngumi zile katika filamu hawakupatana: wengine husema 18 katika muda wa kupepesa macho, wengine hufikisha 29. Refa Ruby Goldstein, mtu wa sifa na uzoefu mkubwa, alisimama karibu akitazama, kisha akaingia. Alipomvuta Griffith, Paret aliteleza taratibu chini ya zile kamba, kama nguo iliyoangushwa na upepo kutoka kambani. Hakupata fahamu tena. Alifariki tarehe 3 Aprili 1962, siku kumi baadaye, mwenye umri wa miaka 25, akimwacha mtoto mdogo na mke mjamzito. Watu wa televisheni, usiku ule ule, walikuwa wameirudisha picha ya mapigo yale kwa mwendo wa polepole, ili watazamaji wasikose hata moja.

Kisa hiki husimuliwa kwa kawaida hivi: Paret alimtukana mwenziwe, mwenziwe akakasirika, akamwua. Ni hadithi fupi, yenye mantiki, na kwa maoni yangu ni theluthi ya ukweli. Hasira ya Griffith ilikuwa kubwa, hilo sipingi. Lakini Clancy alikuwa amemwagiza kabla ya raundi ile kwamba akimpata Paret katika hatari asiache kupiga mpaka Paret amkumbatie au refa awatenganishe. Hayo ndiyo mafundisho ya kila mwalimu wa ngumi hadi leo, na hayana hasira ndani yake. Tena miezi mitatu na nusu tu ilikuwa imepita tangu Paret apigane na Gene Fullmer, bingwa wa uzani ulio juu zaidi, aliyemponda mpaka akamwangusha raundi ya 10. Mtu yule alihitaji kupumzika. Badala yake meneja wake alimrudisha ulingoni, madaktari walimkubali, tume ya mchezo ikatia sahihi, na matangazo ya biashara yakalipiwa. Kisha pale konani hakuna aliyetupa taulo. Ulimi wa Paret ulifanya kosa moja asubuhi. Watu wazima wenye mishahara walikaa kimya kwa miezi, na tena kwa zile sekunde. Nashangaa kuona kwamba baada ya mazishi mtu aliyesumbuliwa zaidi alikuwa yule kijana aliyefanya alichofundishwa. Alikwenda hospitali kumwona Paret, akazuiwa. Alipotembea njiani watu walimtukana. Goldstein naye alilaumiwa sana, na kazi yake ya urefa ilikaribia kwisha baada ya usiku ule. Gavana wa jimbo aliunda tume, wanasiasa wakasema mchezo upigwe marufuku, haukupigwa. Mwaka mmoja baadaye, Machi 1963, Davey Moore alikufa baada ya pambano huko Los Angeles, na mwaka 1964 televisheni ile ikaacha kuonyesha ngumi kila wiki.

Nirudi kwenye lile neno. Sisi tunalo neno letu la namna hiyo, nalo lina historia ya ajabu. Katika vinywa vya wanawake wa pwani, shoga ni rafiki wa mwanamke, mwenye siri zake. Mama yangu alikuwa na shoga yake mmoja huko Tiwi, wakipelekeana sahani ya vitumbua kila mwezi wa Ramadhani, na sahani haikurudi tupu hata mara moja. Walipogombana, maana waligombana, waliitana majina mengi, lakini kuitana shoga kulikoma mpaka walipopatana, kwa kuwa neno lile lilikuwa la mapenzi. Likihama kinywa cha mwanamke likaingia kinywa cha mwanamume, akalitupa kwa mwanamume mwenziwe, huwa tope. Sauti ni ile ile na herufi ni zile zile. Mtu anayelirusha uwanjani aghalabu hajui chochote juu ya yule anayemrushia. Hakuchunguza maisha yake, wala hamfundishi dini. Anachotaka ni kumwambia: huna nguvu, na hawa wote wanaona.

Msomaji wangu atakuwa na imani yake juu ya mapenzi ya wanaume na wanaume, na aghalabu aliipata nyumbani, msikitini au kanisani. Sheria ya Kenya nayo iliyaharamisha tangu zamani za ukoloni, na mwezi wa Mei 2019 Mahakama Kuu ilikataa kuibatilisha sheria hiyo. Sikuandika ili kuhojiana na msomaji juu ya imani yake. Nimwombe tu atenganishe mambo mawili yanayochanganywa kila siku: kumhukumu mtu kwa tendo, na kumtweza mtu kwa sauti yake, mwendo wake, au kofia anazopenda kushona. La pili halihitaji ushahidi, na ndilo lililotendeka pale mizanini.

Sasa nieleze jinsi kifo chenyewe kinavyokuja, maana vijana wengi hudhani bondia huuawa na ngumi iliyovunja fupa la kichwa. Mara nyingi fupa huwa zima. Chukua nazi iliyokomaa, uitikise sikioni. Kifuu hakikuvunjika, lakini ndani kuna kitu kinachocheza. Ubongo nao umelala ndani ya fuvu katika maji, na umeunganishwa na utando wa juu yake kwa mishipa myembamba ya damu. Ngumi inapokizungusha kichwa ghafula, fuvu huenda upande na ubongo huchelewa kulifuata. Mishipa ile huvutwa, na pengine hukatika. Damu huanza kuvuja polepole, na kwa kuwa fuvu halitanuki, damu hiyo huukandamiza ubongo. Kofia ya kinga huzuia michubuko kuliko inavyozuia mtikisiko huo. Na jambo la kutisha ni kwamba kati ya pigo na kuzimia paweza kuwa na nafasi ambayo mtu hutembea, huzungumza, hata hudai kwamba hakuumia.

Kenya ilijifunza hayo kwa mtu iliyempenda. Mwaka 1988 nilikuwa bado mwanafunzi, na nakumbuka habari ilipofika redioni kwamba Robert Wangila amepata dhahabu huko Seoul. Tulitoka nje ya duka tukapiga kelele barabarani, ingawa hakuna kati yetu aliyewahi kuvaa glavu. Katika fainali ya uzani wa welta alimwangusha Laurent Boudouani wa Ufaransa katika raundi ya pili, akawa Mkenya wa kwanza kutwaa dhahabu ya Olimpiki katika ngumi. Baadaye alikwenda Marekani kupigana kwa malipo. Tarehe 22 Julai 1994, mjini Las Vegas, katika hoteli ya Aladdin, alipigana na David Gonzales. Katika raundi ya 9 refa, Joe Cortez, alilisimamisha pambano. Wangila alilalamika, aliona bado ana nguvu za kuendelea. Akatoka ulingoni kwa miguu yake, akaingia chumba cha kubadilishia nguo, na huko akazimia. Alifariki tarehe 24 Julai akiwa na umri wa miaka 26.

Hapa hadithi yangu juu ya refa aliyechelewa inapata doa, nami sitalificha. Cortez hakuchelewa kama Goldstein. Aliingia mtu akiwa bado amesimama na kuteta. Wala sijui tusi lolote lililotangulia pambano lile. Kifo kilikuja vile vile. Baadaye kilimchukua Hassan Mgaya baada ya pambano huko Dar es Salaam, na Aprili 2024 kilimchukua Ardi Ndembo wa Kongo, aliyeangushwa mjini Miami akakaa wiki tatu bila fahamu. Kwa hiyo asidhani mtu kwamba adabu ikitawala ulingo utakuwa mahali pa salama. Mchezo huu una kifo ndani yake, hata ukichezwa na waungwana.

Na Wangila alipoletwa nyumbani hakuzikwa kwa amani. Wapo waliosema alikuwa amesilimu, wapo katika jamaa yake waliosema sivyo; ugomvi ukafika mahakamani, na mwisho akazikwa Kiislamu jijini Nairobi. Siwalaumu waliogombana, kwa kuwa kila mmoja alidai kumpenda. Ila nimefikiri mara nyingi juu ya bondia huyu ambaye nchi nzima ilijua uzani wake mpaka gramu ya mwisho, na alipofumba macho ikaulizana alikuwa nani.

Griffith aliishi muda mrefu na swali kama hilo. Alipigana miaka mingine 15 baada ya kifo cha Paret, mpaka 1977. Mwaka 1966 alimshinda Dick Tiger wa Nigeria akatwaa ubingwa wa uzani wa kati. Lakini waliomjua walisema mkono wake ulikuwa umebadilika. Alishinda kwa pointi zaidi, akipiga kiasi cha kutosha kushinda na hapo akauzuia. Mwenyewe alikiri kwamba aliogopa kumwua mtu mwingine, na kwamba Paret alimjia ndotoni. Alioa mwaka 1971, ndoa haikudumu. Mwaka 1992, akiwa na umri wa miaka 54, alitoka katika baa moja ya New York waliyozoea kukutana wanaume wa namna ile, kundi la watu likamshambulia na kumpiga karibu ya kumwua. Alilazwa hospitali kwa muda mrefu. Mtu aliyekuwa bingwa wa dunia mara kadhaa alipigwa mpaka kufa nusu, na safari hii hakukuwa na kengele wala refa.

Katika uzee wake alisema waziwazi kwamba aliwapenda wanawake na wanaume pia, na kwamba hakupenda kubandikwa jina. Alistaajabu pia kwamba watu walikuwa tayari kumsamehe kwa kumwua mtu, lakini hawakuweza kumsamehe kwa kumpenda mtu. Mwaka 2005 ilitoka filamu ya kweli juu ya maisha yake, na ndani yake yumo mwana wa Paret, yule aliyekuwa mtoto mdogo mwaka 1962, sasa mtu mzima. Walikutana bustanini, Griffith akitetemeka, na yule mwana akamkumbatia akamwambia hana kinyongo naye. Ngumi nyingi alizokula zilikuwa zimekwisha kuuharibu ubongo wake. Kumbukumbu zilimtoka moja moja. Alifariki tarehe 23 Julai 2013, mwenye umri wa miaka 75. Mwaka huo huo maisha yake yalifanywa opera, na miaka kumi baadaye opera hiyo ikachezwa katika jumba kubwa la New York, mbele ya watu waliovaa nadhifu, katika mji ule ule ambao magazeti yake hayakuweza kulichapa neno.

Huku kwetu hakuna jumba. Nyuma ya maduka ya mtaa wetu pana uwanja mdogo, na katika tawi la mwembe limening'inizwa gunia lililojazwa mchanga na matambara. Vijana kumi na wawili au zaidi hufanya mazoezi hapo kabla ya magharibi kwa jozi chache za glavu, wakipokezana. Mwalimu wao hulinda lango la hoteli moja ya Diani usiku, kwa hiyo mafunzo hayana budi kwisha mapema. Mpwa wangu ni mmoja wao, na mimi hupita pale nikitoka sokoni.

Jioni moja walikuwa wakipigana kijana mmoja mrefu, mpole, asiye mwepesi wa miguu, na mwenziwe mfupi aliyekuwa akimzunguka kama nyuki. Kijana mmoja aliyeketi juu ya pikipiki yake ng'ambo ya ukuta alipiga kelele, "Shoga huyo!" Wote wakacheka, hata mpwa wangu. Yule mrefu hakugeuka. Lakini tangu hapo mikono yake haikujikinga tena. Alikwenda mbele moja kwa moja, akapiga kichwa, akapiga kichwa, akapiga kichwa, na aliyekuwa akipigwa hakuwa yule mwenye kusema. Mwalimu hakungoja. Aliingia kati akamkumbatia kijana kwa nyuma, mikono na yote, akamshika hivyo mpaka pumzi zikatulia. Kisha akautokea ukuta, akamwambia mwenye pikipiki kwa adabu kabisa kwamba pale alipoegesha pana njia ya watu. Yule akaondoka.

Yule mfupi alisema hakuumia. Alisimama, alicheka, alitaka kuendelea. Mwalimu alimtazama machoni kwa muda, akamvua glavu, akamwambia hatapigana kwa mwezi mzima. Walikwenda kituo cha afya, wakaambiwa arudi nyumbani lakini asilale peke yake, na akitapika au kichwa kikimzidi au akianza kusema ovyo apelekwe hospitali mara moja. Wote tulijua maana ya hilo. Wa kupasua kichwa hayuko Ukunda. Ni kumpakia mtu garini usiku na kumkimbiza Mombasa, kwa feri ya Likoni au kwa kuzungukia Dongo Kundu, ilhali damu haingoji. Mama yake kijana alikuwa amesafiri kwenda Lunga Lunga kwa msiba. Basi mwalimu alimchukua kazini kwake, akamtandikia mkeka ndani ya kibanda cha mlinzi langoni.

Baadaye mpwa wangu alinihadithia yaliyofuata, kwa kuwa naye alikwenda. Saa tatu za usiku yule kijana mrefu alifika langoni bila kuitwa, ameshika chupa ya chai na mahamri yaliyofungwa katika gazeti. Hakusema lolote juu ya jioni ile, wala hakuulizwa. Alikaa chini karibu na mkeka. Kila baada ya saa mbili mwalimu alitoka langoni akaja kumwamsha aliyelala, akamwuliza jina lake, jina la mama yake, na leo ni siku gani. Na baada ya saa sita za usiku mwalimu aliposhughulika na magari ya wageni, yule mrefu ndiye aliyeuliza. Mwenziwe alijibu kila mara, kwa hasira ya usingizi, na mara ya mwisho alijibu adhana ya alfajiri ikisikika, akaomba aachwe alale, akaulizia kama mahamri yamebaki.